Picha Imefungwa, Muziki Haujafika

Shangazi Dulcie mpendwa,

Naomba msaada wako kabla sijaharibu kazi ya watu, na ukiichapa barua hii tafadhali usitaje jina langu wala mtaa wangu, maana Hobart yetu hapa kisiwani unaijua, ukipiga chafya Moonah jioni unapewa pole Kingston, kwa hiyo majina yote humu nimeyabadilisha isipokuwa la mbwa wangu Biskuti, ambaye hasomi gazeti.

Mimi ni mtunzi wa muziki wa filamu, si zile kubwa zinazobandikwa ubavuni mwa mabasi, bali hizi ndogo ambazo mwongozaji ameuza gari lake ili zipatikane na waigizaji wanabadilishia nguo kwenye banda la kondoo, na kazi hii naifanya tangu nilipokuwa na nywele kichwani. Nilianzia kwenye bendi ya baa moja North Hobart, bendi ikafa mpiga ngoma alipooa, na nikiwa sijui nishike lipi, msichana mmoja aliyekuwa akisomea filamu akaniomba nimpigie kinanda chini ya filamu yake ya kumalizia masomo, nikakubali kwa ujira wa pai na lifti ya kurudi nyumbani, na nilipoona picha ya mzee anayetembea tu barabarani inageuka kuwa ya kuhuzunisha kwa sababu ya noti chache za mkono wangu wa kushoto, Shangazi, nikawa nimekwisha. Sikujua wakati ule kama nimekwisha kwa ajili ya muziki au kwa ajili ya msichana, na mpaka leo nina miaka arobaini na saba sijaweza kuvitenganisha viwili hivyo.

Huyo msichana nimwite Merrin. Filamu zake zote tangu hapo nimemtungia mimi, na kati ya filamu na filamu hupotea, anakwenda bara kutafuta wafadhili, anajifungia kwake Cygnet kuandika, unapita mwaka, inapita miaka miwili bila hata kadi ya Krismasi, nami asubuhi natengeneza piano za watu zilizopotea sauti, mchana nafundisha watoto wasiotaka kufundishwa, nawatungia waongozaji wengine wawili watatu ili mkono usikauke, halafu siku moja simu inalia na sauti inasema, "Alby, nina picha, una chai?" na mimi najibu, "Chai ipo," kama vile sikuwa nimekaa muda wote huo nikiisubiri simu hiyohiyo. Kampuni moja ya matangazo ya biashara ya Sydney iliwahi kuniita, kazi ya kudumu, ofisi yenye madirisha, nikakataa nikasema napenda mlima wetu, na mlima kweli naupenda, lakini sikukataa kwa sababu ya mlima.

Sasa kuna filamu hii mpya, inahusu dada wawili wazee wa bonde la Huon waliogawana shamba la matufaha la baba yao na hawajasemeshana tangu siku ya kugawana, na kila Jumamosi asubuhi Merrin anakuja kwenye gereji yangu, niliyoizungushia mablanketi ukutani ili sauti isirukeruke, anakuja na pai mbili za kombe wa baharini zenye bizari na gazeti, anakalia kiti cha gari kuukuu ambacho ndicho kochi langu, Biskuti anamlalia miguuni, na birika likiwa jikoni yeye husoma safu yako kwa sauti, Shangazi, anaigiza sauti zote, ya mlalamikaji na ya kwako, tunacheka mpaka chai inapoa, ndipo tunaanza kazi. Akiondoka gereji inabaki na harufu ya moshi wa kuni wa koti lake, na mimi sifungui mlango mpaka harufu iishe yenyewe.

Ngoja nikueleze jambo moja la kazi yetu ili uelewe nimefika wapi. Mwongozaji anapokata picha zake kabla muziki haujatungwa huweka muziki wa kuazima, wa mtu yeyote, ili picha isiwe kavu, na huo muziki wa kuazima ndio adui wa mtunzi, kwa sababu mwongozaji akiusikia kila siku masikio yake yanauoa, na chochote utakachomletea baadaye anakiona mke wa pili. Safari hii nilipofungua picha nikakuta Merrin ameazima muziki wangu mwenyewe, ule wa filamu yake ya kwanza, na mwisho wa muziki ule kuna kosa, maana siku ya kurekodi alikuwa amekaa karibu mno na kipaza sauti na noti ya mwisho inapozimika anasikika akivuta pumzi. Kazi yangu ni kufuta vitu kama hivyo na sikukifuta, Shangazi, kimo ndani ya filamu miaka yote hii, watu wamelipa viingilio wakakisikia bila kujua ni nini, na mimi nikiwa na hamu naye hukiweka nikakisikiliza, pumzi hiyo moja tu, kisha naendelea kupika.

Tulipokaa kupanga muziki uanzie wapi na uishie wapi, tulipofika pale mwisho, dada wawili wamekaa kwenye kizingiti cha banda la kufungia matufaha wakila tufaha moja kwa zamu, Merrin akasema, "Hapa pakae kimya." Nikamwambia, "Nipe nafasi nijaribu kitu." Akaniangalia sana, akasema, "Alby, muziki wako unasema kila kitu. Wewe ndiye husemi." Nikamshukuru, kwa sababu kusifiwa na Merrin si jambo la kila wiki, nikaenda nikatunga kipande hicho cha mwisho, na ni kizuri kuliko vyote nilivyowahi kutunga, kwa fidla moja na kinanda tu, na ni yeye, ni yeye mtupu tangu noti ya kwanza, mtu yeyote mwenye masikio akikisikia atajua.

Na hapa ndipo penye dhambi yangu. Muziki wote umekwisha zamani. Vipande vyote viko tayari, na hicho cha mwisho pia, lakini nimemwambia bado, nimesema fidla haijakaa sawa, nimesema mpigaji ana mafua, nimesema kompyuta inasumbua, kwa sababu nikimkabidhi filamu imekwisha, na safari hii si kama safari nyingine, chuo kimoja cha Melbourne kimemwita akafundishe huko moja kwa moja, hajawajibu ndiyo wala hapana, anasema atawajibu filamu ikishakamilika, basi mimi nikasema moyoni heri isikamilike. Wala sithubutu kumpigia kipande hicho, kwa maana akisema hakifai atakuwa amenikataa mimi bila kujua, na akisema kinafaa atakichukua aende nacho Melbourne na mimi nibaki na mablanketi.

Yeye naye hanisaidii. Alishatangaza kwamba picha imefungwa, yaani hakuna tena kukata wala kuongeza, ili mimi nipime muziki juu yake kama fundi anavyompima mtu suti akiwa amesimama wima, lakini kila Jumamosi anakuja na picha mpya, leo kaongeza punje ya sekunde pale kunguru anaporuka, wiki nyingine kaondoa mlango unaofungwa, na ukigusa kidogo tu muziki wote unahama nianze kupima upya. Nikamlalamikia, "Merrin, ulisema imefungwa." Akasema, "Nimeifungua kidogo." Nikamwambia, "Dez atakuua," maana Dez ndiye mhariri wake. Akacheka, "Dez keshanikatia tamaa, weka maji kwenye birika." Nami nakasirika na kushukuru kwa pamoja, kwa sababu kila akiifungua napata Jumamosi nyingine.

Lakini sasa tamasha la bara lililoikubali filamu linataka kila kitu mwisho wa wiki ijayo, fundi wa kuchanganya sauti amekaa Melbourne mikono mitupu, na mama Noreen aliyeigiza dada mkubwa, ana miaka themanini na ushee, ananipigia simu akifoka, "We Alby, unangoja nife ndiyo unipigie muziki wa mazishi?" Nimemweleza dada yangu Glenys, akaniambia, "Mapenzi ni kikohozi, kaka, na wewe umekohoa tangu enzi za bendi, mji mzima tumekusikia, bado daktari tu," akakata simu. Shangazi, nifanyeje, nimpe muziki nimpoteze, au nimzuie tena kidogo, Jumamosi mbili tu au tatu, labda nitapata ujasiri?

Wako,
Mwenye Gereji

*

Alby, au vyovyote unavyoitwa,

Pole. Naanza na pole kwa sababu huko mbele sitapata nafasi.

Barua yako nimeisoma nikakosa hewa, mtunzi mzima huna nukta. Nikaiweka chini, nikachemsha chai, nikaisoma tena, na mara ya pili ikaniuma. Hicho kisa cha pumzi kimenikaa kifuani. Nimemzika mume, na kuna mkanda wa mashine ya simu ambamo anasema tu kwamba atachelewa kurudi na mkate ununuliwe. Najua kuishi na kitu kidogo kama hicho. Lakini wangu amekufa, Alby. Wako yuko Cygnet, mwendo wa gari usiomaliza hata pai moja.

Sasa tugombane. Unasema unamzuia mwanamke kidogo. Hujamzuia mwanamke, umewazuia watu wote waliobadilishia nguo kwenye banda la kondoo. Umemzuia mhariri, umemzuia fundi wa sauti, na umemzuia bibi wa miaka themanini na ushee asijione kwenye kioo cha sinema. Mapenzi yako ni yako. Filamu ni ya wote. Ungekuwa mwokaji ukaficha mkate kwa sababu unampenda mnunuzi, watu wangekupiga na sufuria, na mimi ningewashikia makoti.

Na subira yavuta heri, sikatai, ila yako tangu enzi za bendi imevuta baridi tu.

Halafu kuna jambo moja katika barua yako ulilolipita mbio kama mtu anayepita nyumba ya mdai wake. Mimi sijui filamu. Basi nimempigia mpwa wangu Tamsin, aliyewahi kufanya kazi ya kukata picha, nikamuuliza, "Picha ikifungwa, mwongozaji anaweza kuifungua?"

Akasema, "Anaweza, Shangazi, kama anataka kuchukiwa."

"Mara moja?"

"Mara moja tunamsamehe."

"Na kila Jumamosi? Leo punje ya kunguru, kesho mlango?"

Tamsin akacheka kwa sauti ya chini. "Huyo hatengenezi picha," akasema. "Huyo anatafuta njia ya kwenda mahali."

Alby, umesikia? Wewe unaficha muziki ili asiondoke. Yeye anafungua picha iliyofungwa na kuja nayo kwako pamoja na pai mbili. Chuo cha Melbourne kinangoja jibu lake, na jibu lake linangoja filamu, na filamu haiishi kwa sababu nyinyi wawili mmeishika kila mtu upande wake kama watu wanaogombea shuka. Na ukisikia mwanamke anakuambia, "Wewe ndiye husemi," ukamshukuru ukadhani umesifiwa, basi masikio yako yanafaa piano tu.

Sisemi kwamba anakupenda. Mimi si mpiga ramli. Kuna watu wanaogopa kumaliza kazi zao, wangefungua picha mpaka Krismasi bila kumpenda hata paka. Huenda anaogopa tamasha, huenda anaogopa Melbourne, huenda anapenda chai yako. Ninachosema ni kwamba hujui, na mtu mmoja tu duniani anaweza kukuambia, na humuulizi.

Basi fanya hivi.

Leo hii, ukishaweka chini barua hii, peleka muziki kwa fundi wa sauti. Wote, isipokuwa kile kipande cha mwisho. Mwenye filamu alikuambia pale pakae kimya, na alikuwa na haki yake. Wale dada wawili wana mambo yao ya kumaliza juu ya tufaha lao, hawakuomba kubebeshwa mapenzi yako. Kipande kile hakikuwa cha filamu hata siku moja. Ni kizuri, naamini, na ni chako. Kiweke.

Kisha mpigie mama Noreen umwombe radhi, ukubali matusi yote atakayokupa, maana ameyafanyia kazi.

Kisha warudishie simu waongozaji wale wengine uliowapa mkono mmoja miaka yote huku mwingine umeuweka kwenye simu ya Merrin. Una kipaji, Alby. Mtu anayeweza kuhuzunisha barabara kwa noti chache hana haki ya kuishi kama abiria aliyeachwa kituoni. Mwanamke akubali au akatae, kazi hii ilikuchagua na wewe, na siku ile ya mzee anayetembea haikuwa ya Merrin peke yake.

Halafu panda gari uende Cygnet. Si gereji. Gerejini wewe ni mtunzi, yeye ni mwongozaji, na birika lipo la kuwaokoa. Nenda mlangoni kwake bila kinanda, bila kompyuta, bila kisingizio cha kunguru. Mwambie muziki umeshafika Melbourne, ulikuwa tayari zamani, uliuficha, na kwa nini uliuficha. Atakasirika kwa hilo la kuficha. Ana haki, mwache akasirike. Kisha mwambie lile la pili. Kwa sentensi fupi, nakuomba. Usimwambie abaki, wala usimwambie asiende bara, hayo si yako kuyaomba. Mwambie tu unavyoishi kati ya simu moja na nyingine. Mficha uchi hazai, wewe hata chai umeficha, ulisema "chai ipo" ulipotaka kusema umekufa kwa hamu.

Ukishasema, nyamaza. Najua nyinyi watunzi mkiona kimya mikono inawawasha. Usikijaze. Usikohoe, usicheke, usiseme "ni wazo tu." Kimya hicho ni chake. Mwachie mpaka amalize nacho, hata kikikuchoma.

Akikataa, utalia, na utalia vibaya, na Jumatatu yake utatengeneza piano ya mtu. Neno hapana halijaua mtu ninayemfahamu mimi. Ngoja ngoja imewaumiza matumbo wengi, na baadhi wananiandikia kila mwezi.

La mwisho. Mji huu una mchungaji, una daktari, una dada yako Glenys ambaye kwa maoni yangu anafaa kuchukua safu hii nikistaafu. Lakini ukaniandikia mimi, mimi ambaye Merrin ananisoma kwa sauti kila Jumamosi, na ukanieleza hivyo wewe mwenyewe. Ulidhani sitaona? Umechoka kutuma fidla, sasa unataka kunituma mimi. Sitaki, Alby. Mimi si kipande chako cha mwisho.

Kwa hiyo jibu hili nimelitia kwenye bahasha na kulipeleka posta Jumatatu, likufikie wewe kwanza. Barua yako na jibu langu vitachapwa Jumamosi, na majina uliyoyabadilisha hayatamdanganya mtu aliyekaa kwenye kiti hicho cha gari, maana Biskuti ulimwacha na jina lake. Jumamosi asubuhi atakuja gerejini na pai mbili na gazeti, ataweka birika jikoni, atafungua ukurasa wangu, na ataanza kusoma kwa sauti.

Hakikisha umenitangulia.

Shangazi Dulcie